Saa 11 za kusubiri ndege Istanbul: ziara fupi na mama mwenye maumivu ya magoti

*"Asalaam aleikum. Mimi na mama yangu, miaka 67, tunasafiri Ijumaa moja ya mwezi wa tano kwenda Ulaya kwa kaka yangu. Tunatua Istanbul saa 12 asubuhi na ndege ya pili inaondoka saa 11 jioni. Nimeona tangazo la ziara ya saa 4 yenye mwongoza watalii, linasema tutaona vivutio 9 'bila foleni'. Mama anaumwa magoti; kutembea anatembea, ila ngazi zinamtesa, na hamu yake kubwa ni kuswali Hagia Sophia. Wengine wananiambia nisilipe mtu, nichukue teksi nizunguke mwenyewe. Wengine wanasema tutaachwa na ndege. Nishike lipi?"*

Waalaikumu salaam. Umeuliza kuhusu ziara, lakini nikikusoma naona wasiwasi wa aina mbili: kuachwa na ndege, na mama kurudi uwanjani akiwa hoi bila kupata alichokitamani. Yote mawili yanazuilika. Kutoka mnaweza, na ndege hamtaikosa mkizishika saa nitakazozitaja. Ila hiyo ziara ya vivutio 9 iache.

Watu wengi huhesabu kwa kutazama mbele: tunatua saa 12, tuna saa 11 nzima, mji ni wetu. Hesabu ya safari ya aina hii huanzia kwenye ndege ya pili na kurudi nyuma. Uwanja mpya wa ndege wa Istanbul, ambao safari za abiria zilihamia Aprili 2019, uko kaskazini karibu na Bahari Nyeusi, kilomita 40 hadi 50 kutoka mtaa wa Sultanahmet ambako kuna mambo mengi ya kale. Barabara ikiwa tupu ni dakika 45. Ijumaa mchana haiwi tupu, kwa hiyo weka dakika 90. Mkirudi mtakuta ukaguzi wa mashine mlangoni kabisa pa jengo, kabla hata ya kufika kaunta. Baada yake ni dirisha la pasipoti, kisha ukaguzi mwingine, kisha mwendo mrefu hadi lango la kupandia. Kwa sababu hiyo muwe mlangoni saa 8 mchana. Ondoa dakika 90 za barabara: muwe ndani ya gari saa 6:30 mchana, si dakika moja zaidi.

Sasa asubuhi. Kutoka ndege inapogusa ardhi hadi mmegongewa muhuri na kutoka nje, weka saa moja na nusu, hasa kwa mwendo wa mama. Hiyo ni saa 1:30. Barabara ya asubuhi nayo ina foleni ya watu wa kazini, kwa hiyo mtafika Sultanahmet kama saa 3. Kati ya saa 3 na saa 6:30 mna saa tatu na nusu. Saa 11 zako zimebaki hizo, na ndizo za kupangia. Saa za Istanbul ni zile zile za Afrika Mashariki mwaka mzima, kwa hiyo kama mnatoka huku saa yenu ya mkononi haibadiliki. Ila kwenye tiketi saa 11 jioni itaandikwa 17:00, na mkipatana na mwongoza watalii andikeni hivyo hivyo, kwa tarakimu za saa 24, ili "saa tatu" isije kugeuka kitu kingine.

Kabla hujaendelea, thibitisha mambo mawili kwenye tiketi. La kwanza: iwe imeandikwa IST, alama ya huo uwanja mpya. Ikiwa ni SAW, huo ni uwanja wa Sabiha Gökçen, upande wa Asia, na hesabu yangu yote ya barabara inabadilika. La pili: ndege zote mbili ziwe kwenye tiketi moja, na mizigo ifungwe lebo ya hadi mwisho wa safari. Kwa tiketi mbili tofauti mtalazimika kuchukua masanduku, kuyaweka mahali na kuyakabidhi upya. Hapo mji mnausahau, labda ndege ya pili iwe ya usiku.

Turudi kwenye tangazo. Saa 4 ni dakika 240. Kati ya kituo kimoja na kingine kundi la watu 20 au 25 linatakiwa kukusanywa, kuhesabiwa, kumsubiri aliyekwenda msalani, kutembea au kupanda basi, kisha kupita kwenye ukaguzi wa mlangoni. Ukiweka dakika 15 tu kwa kila hatua, na hatua ziko 8, zimekwisha dakika 120. Zilizobaki 120 zigawe kwa 9: dakika 13 kwa kila mahali. Kinachofanyika kwa kweli ni kwamba sehemu nyingi kati ya hizo 9 mtaoneshwa kwa kidole kutoka dirishani. Ikulu ya Topkapi peke yake, ukiitazama kwa haki, inakula saa tatu. Mnara wa Galata, uliojengwa na Wagenoa mwaka 1348, uko ng'ambo ya ghuba. Wanaoorodhesha vyote hivyo katika asubuhi moja wanakuuzia orodha.

Na hilo neno "bila foleni" lina maana finyu. Ukishanunuliwa tiketi mapema, unaruka foleni ya dirisha la tiketi. Foleni ya ukaguzi wa mikoba hairukwi na yeyote, na asubuhi zenye watu wengi ndiyo ndefu kuliko ile ya tiketi. Muulize muuzaji moja kwa moja: naruka foleni ipi? Jibu lake litakuonesha ni mtu wa aina gani.

Ziara ya bei ya kutupa nayo ina namna yake ya kujilipa. Msafara hupitishwa kwenye duka la mazulia, ngozi au vito, mnakaribishwa chai, mnatandikiwa mazulia, na mwenye ziara anapata kamisheni kwa kila kinachonunuliwa. Chai ni nzuri na wenyeji ni wakarimu kweli, lakini hizo ni dakika 40 kati ya 210 mlizo nazo. Ukiona kwenye ratiba maneno kama "onyesho la kazi za mikono", ni hapo. Omba kwa maandishi kwamba hakuna kituo cha duka.

Lililo zito zaidi kwenu, na ambalo tangazo limelinyamazia, ni siku yenyewe. Ijumaa Msikiti wa Sultan Ahmed, ule wenye minara sita unaoitwa Msikiti wa Buluu, hufungwa kwa watalii asubuhi hadi baada ya sala ya Ijumaa. Hagia Sophia nayo husimamisha utalii kuzunguka saa za sala hiyo. Basi ziara inayoanza saa 4 au 5 asubuhi siku ya Ijumaa huangukia kwenye milango iliyofungwa, na kinachobaki ni picha za nje. (Kwa faida ya wengine wanaopanga: Topkapi hufungwa Jumanne, Soko Kuu hufungwa Jumapili.)

Kuhusu sala ya mama, nina habari njema na ushauri mmoja ambao naomba uuzingatie. Hagia Sophia, jengo la mfalme Justinian lililokamilika mwaka 537, lilifanywa msikiti mwaka 1453, likawa makumbusho katika miaka ya 1930, na tangu Julai 2020 ni msikiti tena. Leo lina njia mbili. Anayekwenda kuswali anaingia chini, upande wa uwanja mkubwa wa Sultanahmet, bila malipo. Mtalii anaingia kwa mlango mwingine karibu na chemchemi ya Sultan Ahmed wa Tatu, analipa (ada ilianza Januari 2024 kwa euro 25), na anapelekwa kwenye roshani ya juu tu. Sasa tazama magoti. Kule juu hakupandwi kwa ngazi za kawaida bali kwa njia ya mwinuko inayozunguka, ya mawe yaliyolika na kuteleza, na kushuka ndiko kunakouma zaidi goti bovu. Chini ni sakafu tambarare yenye zulia. Kwa hiyo mama yako anapata alichokitaka kwa njia rahisi zaidi, na bila tiketi. Avae mtandio na viatu vya kuvua bila kuinama, na soksi, na muulize walinzi sehemu ya wanawake mara mnapoingia. Mlango huo ni wa wanaoswali kweli. Msiufanye njia ya kukwepa ada ya utalii.

Ushauri wenyewe ni huu: msiingoje sala ya Ijumaa. Mwezi wa tano adhuhuri ya Istanbul huingia kama saa 7 na dakika chache mchana. Ukijumlisha hotuba, sala na umati unaotoka kwa pamoja, mtaliona gari saa 8 na kitu, na kufika uwanjani saa 10 kasoro kwa ndege ya saa 11. Mnajua wenyewe kwamba Ijumaa si faradhi kwa mwanamke wala kwa msafiri. Mama aswali rakaa zake za asubuhi, Dhuha na za kuamkia msikiti, kwa utulivu. Kama inawezekana kuhamisha safari iwe Jumatano au Alhamisi, hamisha. Milango yote miwili itakuwa wazi zaidi na barabara ya mchana itakuwa nyepesi.

Je, mlipe mwongoza watalii, au wanaokuambia uzunguke mwenyewe wana haki? Kwa upande wa njia, wana haki. Vitu vya Sultanahmet vimebanana: kutoka Hagia Sophia hadi uwanja wa kale wa mbio za farasi ni kama mita 300, tambarare, na birika la chini ya ardhi liko ng'ambo ya barabara tu. Hakuna pa kupotelea. Mwongoza watalii unamlipa kwa sababu nyingine: mji huu umejengwa tabaka juu ya tabaka, na jicho lisilofunzwa linaona mawe tu.

Mfano ni ule uwanja wa mbio za farasi, ambao leo ni bustani ndefu yenye mabenchi. Katikati pana mnara wa jiwe moja kutoka Karnak, Misri, uliochongwa kwa ajili ya Farao Thutmose wa Tatu na kusimamishwa hapo mwaka 390 na mfalme Theodosius. Umekalia vipande vinne vya shaba, na chini yake kuna kitako cha marumaru ambacho wengi hawakitazami. Ukikizunguka unaona mfalme na watu wake wakitazama michezo, na kazi yenyewe ya kuuinua mnara imechongwa hapo hapo. Kuna maandishi ya lugha mbili: Kigiriki kinasema mnara ulisimamishwa kwa siku 32, Kilatini kinasema 30. Hatua chache mbele ni nguzo ya nyoka watatu waliosokotana, iliyotengenezwa kwa shukrani ya ushindi wa Wagiriki dhidi ya Waajemi mwaka 479 kabla ya Kristo na kuletwa kutoka Delphi. Imesimama ndani ya shimo. Shimo hilo si la mapambo, ndiyo ardhi ya zamani. Mji umepanda juu kwa vifusi na ujenzi wa karne nyingi, na pale unakiona kina chake kwa macho. Mtu mwenye kuijua kazi atakueleza haya kwa dakika kumi huku mama amekaa kwenye benchi. Bila yeye mtapiga picha na kupita.

Kwa hiyo kati ya njia zilizopo, mimi ningewapangia mwongoza watalii wa peke yenu kwa saa tatu na robo, anayewapokea Sultanahmet saa 3 asubuhi, pamoja na gari la kuwaleta na kuwarudisha lililopangwa kabla. Ni ghali kuliko kundi, tena kwa watu wawili tu inaumiza kidogo. Lakini mwendo unakuwa wa mama, na saa ya kuondoka mnaiamua nyinyi. Ikiwa fedha haitoshi, na mnasafiri na Turkish Airlines, shirika hilo lina ziara ya bure iitwayo Touristanbul kwa abiria wanaounganisha safari za kimataifa na kusubiri kati ya saa 6 na 24. Ina vipindi mbalimbali kwa siku. Mchague cha asubuhi kinachowarudisha uwanjani kabla ya saa 8 mchana. Uzuri wake ni usafiri wa kwenda na kurudi. Kasoro ni mwendo wa kundi, na kwamba hamna sauti juu ya wapi pa kukaa muda mrefu. Mwambieni kiongozi mapema kuhusu magoti na sala. Ziara hizo hupokea watu wa kila hali, lakini basi halimsubiri mtu mmoja. Mabasi ya ghorofa ya kupanda na kushuka siyashauri kwa muda huu. Yanakaa foleni ile ile na yanawashusha nje tu.

Ukimtafuta mwongoza watalii, fahamu kwamba Uturuki ina sheria ya kazi hiyo, namba 6326 ya mwaka 2012. Mwenye leseni ana kadi yenye picha yake, na lugha anazoruhusiwa kuongozea zimesajiliwa. Muombe picha ya kadi kabla ya kulipa amana, na siku ya ziara aivae. Anayekufuata mtaani akikuambia "njoo nikuoneshe bure" hana leseni, na mwisho wa njia yake mara nyingi ni duka. Katika ujumbe wako wa kwanza mwandikie hivi, kwa lugha mtakayoelewana: watu wawili, mmoja ana magoti mabaya na hapandi ngazi, Ijumaa, 09:00 hadi 12:15, kwanza Hagia Sophia, kisha uwanja wa mbio za farasi, hakuna duka, tunaondoka 12:30 bila kuchelewa. Akikujibu kwa kuongeza vituo, tafuta mwingine.

Asubuhi yenyewe ningeipanga hivi. Mkifika saa 3, ingieni nyote wawili chini kuswali, nusu saa isiyo na haraka. Mwongoza watalii hatasimulia mle, awape maelezo nje kabla. Kisha mama abaki amepumzika, ndani au na mwongoza watalii kwenye benchi, mkiwa na simu zenye mtandao na mahali pa kukutania palipotajwa kwa jina. Wewe, ukipenda, panda roshani ya juu kwa dakika 40. Kule kuna picha ya mozaiki ya Yesu kati ya Mariamu na Yohana Mbatizaji, na kwenye ukingo wa marumaru upande wa kusini kuna mikwaruzo ya herufi za Kiviking: mtu wa kaskazini ya mbali aliandika jina lake, linalosomeka Halfdan. Usishangae kuona jukwaa la mafundi ndani. Kuba kuu liko kwenye ukarabati mkubwa ulioanza 2025. Ni kuba la upana wa mita 31 hivi, lililowahi kuanguka mwaka 558 kwa sababu ya matetemeko na kujengwa upya kwa mwinuko zaidi. Saa 4:30 muwe kwenye uwanja wa mbio za farasi, saa 5:15 mketi mahali, mle na mnywe.

Baada ya hapo una chaguo moja la nyongeza, lisizidi. Birika la chini ya ardhi, Yerebatan, lilijengwa mwaka 532 hivi na lina nguzo 336, safu 12 za nguzo 28, kila moja na urefu wa kama mita 9. Mbili zimekalia vichwa vya mawe vya Medusa, kimoja kimegeuzwa juu chini, kingine kimelazwa ubavu. Ni pazuri sana. Lakini unashuka ngazi 52, na ulizoshuka utazilipa wakati wa kupanda. Nenda wewe kwa dakika 35 mama akinywa chai, au liache. Kumshusha kwa sababu "tumefika hadi hapa" ndiyo namna ya kumwingiza kwenye ndege ya jioni goti likiwa limevimba.

Viza msiichukulie kirahisi. Kukaa ndani ya uwanja hakuna haja ya viza ya Uturuki, kutoka nje kuna haja kwa pasipoti nyingi. Raia wa baadhi ya nchi hupewa viza ya mtandaoni kwa sharti la kuwa na viza hai ya Schengen, Uingereza, Ireland au Marekani, na nyinyi mnaoelekea Ulaya huenda mkafaidika nalo. Tumia tovuti ya serikali tu, ambayo anwani yake inaishia gov.tr, zipo za kuiga zinazotoza zaidi. Pasipoti zenu zikionesha jambo lisiloeleweka kwenye fomu, nendeni ubalozi wa Uturuki ana kwa ana, wiki kadhaa kabla.

Mama naye apelekwe kwa daktari au mtaalamu wa viungo kabla ya safari, si baada. Aulizwe: anaweza kutembea kilomita moja kwa vituo bila goti kuvimba? Dawa ya maumivu ipi inapatana na anazotumia, hasa kama ana presha au figo? Kama hawezi hiyo kilomita, nendeni kwa gari hadi msikitini tu, uwanja wa farasi auone kutoka kwenye benchi la karibu. Omba kwa shirika la ndege kiti cha magurudumu angalau saa 48 kabla. Ni huduma isiyo na malipo, na uwanja ule ni mkubwa mno kwa magoti yake hata kabla ya kufika mjini. Akishuka na shavu la mguu mmoja limevimba na kuuma kuliko la mwingine, au akahema kwa shida, ziara imekwisha: mwombeni mhudumu awapeleke kwa daktari wa uwanjani mara moja.

Na mwekeane kikomo kabla ya kuondoka nyumbani. Ikifika saa 3 asubuhi bado mko ndani ya uwanja, iwe ndege ilichelewa au foleni ya pasipoti haisogei, msitoke. Mama atafutiwe mahali pa kuswalia humo humo, na Hagia Sophia iwekwe kwenye safari ya kurudi.